Nilivyomsomea Ustadh Idris Fasihi ya Wachina

Nyinyi wasichana mnaokuja kwangu kabla ya kusafiri, wengi huniuliza yale yale: madam wa huko wakoje, Kiarabu huchukua muda gani kukijua, nguo gani za kubeba. Hayo nitawajibu mkija, kila mmoja kwa haja yake. Lakini juzi Zuhura, binti wa jirani yangu hapa Msambweni, aliniuliza jingine. Alikaa kwenye mkeka, akanitazama kwa wasiwasi kidogo, akasema, "Bi Mwanamisi, eti ni kweli ulikuwa ukimsomea mzee wa Kisaudi vitabu vya Wachina? Ama watu wanakusingizia?"

Ni kweli. Na kwa kuwa sikumjibu vizuri siku ile, nawajibu nyote hapa.

Nilikwenda Jeddah kufanya kazi za ndani kama mtakavyofanya nyinyi. Nyumba ilikuwa mtaa wa Al-Hamra, karibu na bahari. Kafili wangu, yaani mwajiri aliyenidhamini, alikuwa bosi Fawaz, mhandisi, mtu mpole asiyependa kelele. Mkewe, mama wa watoto wake, ndiye madam. Juu, katika chumba kilichojaa vitabu hadi dirishani, alikaa baba yake Fawaz, Ustadh Idris, mjane. Mimi nilimwita Baba.

Wazazi wa Baba walikuwa Wachina Waislamu. Walikuja kuhiji, wakabaki, naye akazaliwa hapo hapo Jeddah. Nje alisema Kiarabu, jikoni kwa mama yake alisema Kichina. Alipokua akaisomea lugha ya mama yake, akaifundisha fasihi yake chuo kikuu miaka mingi, wakati watu wakimshangaa ya nini. Alipostaafu akaanza kuandika kitabu kimoja kikubwa kwa Kiarabu: historia ya fasihi ya Wachina tangu maandishi yalipochorwa kwenye magamba ya kobe hadi zama hizi, pamoja na uhakiki wake. Nilipofika, kitabu kilikuwa nusu, na macho yake yalikuwa yamebaki ya kuona mwanga na vivuli tu.

Sasa sikilizeni kosa langu la kwanza, maana kila mfanyakazi wa nyumba atakuwa nalo lake.

Wiki ya pili madam aliniambia nikasafishe chumba cha Baba akiwa msikitini. Nikakuta kadi zimetandazwa kwenye zulia lote, mamia kwa mamia, nyingine kubwa, nyingine ndogo, nyingine zimefungwa kwa uzi. Mimi niliona fujo. Nikafagia, nikapiga vumbi, nikazipanga kadi kwa ukubwa kama mtu apangavyo sahani kabatini. Zikakaa safu nne, nzuri, zimenyooka. Nikajisifu.

Baba aliporudi akavua viatu, akapiga magoti, akaanza kupapasa zulia. Alipapasa huku na huku. Mikono ikafika kwenye zile safu nne, ikatulia.

"Nani aliingia humu?"

"Ni mie, Baba. Nilipanga."

Hakufoka. Ningefurahi angefoka. Alikaa chini akasema taratibu, "Binti yangu, umechanganya miaka elfu tatu kwa nusu saa."

Kila kadi ilikuwa na mshairi wake au msimulizi wake, na mahali ilipolala kwenye zulia ndipo palipomwambia ni ya enzi gani. Alizijua kwa mkono. Mimi nilikuwa nimeilaza enzi ya Tang juu ya enzi ya Ming, na hadithi za wasimulizi wa sokoni nimezitia katikati ya insha za mitihani ya ukarani wa serikali. Nililia. Akaniuliza kama najua kusoma. Nikamwambia najua herufi za Kiarabu, nilisoma Kurani chuoni utotoni, na bibi yangu alinifundisha kuandika barua za Kiswahili kwa herufi hizo hizo.

"Basi chukua kadi ya kwanza," akasema. "Soma."

Ndivyo nilivyoingia kazi hiyo. Tulichukua miezi mingi kuzirudisha, saa moja kila siku baada ya alasiri. Zulia lilipojaa tena, nilikuwa nimekwisha kuwa msomaji wake.

Kusoma chuoni na kusoma kadi za profesa ni mambo mawili. Msahafu una irabu zote, ulimi hauna pa kupotea. Kadi hazina irabu. Siku za mwanzo nilimsomea kichwa cha sura kwa sauti ya kujiamini: "Historia ya Nywele za Wachina." Nikaendelea: "Nywele katika enzi ya Tang zilifikia kilele." Baba akashika tumbo. Alicheka mpaka madam akapanda ngazi kuuliza kuna nini. Kumbe neno la Kiarabu la ushairi na lile la nywele huandikwa herufi zile zile tatu. Kwa muda mrefu kila nilipofika kwenye neno hilo alisema, "Nywele au mashairi leo?"

Iwapo nawe utapata mzee wa kumsomea, shika haya. Usiigize, usitie huzuni isiyokuwapo kwenye maneno. Taja ukurasa kila unapofungua, maana kipofu naye anataka kujua yuko wapi. Ukikosea sema nimekosea, kisha rudia sentensi nzima, si neno moja. Usipanguse vitabu kwa kitambaa kibichi hata siku moja. Na usijifanye umeelewa. Baba alijua kwa sauti yangu nilipokuwa nasoma bila kuelewa. Alisema sauti inakuwa kama ya mtu anayehesabu ngazi.

Uhakiki alinifundisha bila kunuia. Aliniambia kwamba wahakiki wa zamani wa Kichina walikuwa wakiandika ndani ya hadithi yenyewe, kati ya mstari na mstari, wakitia vinukta na viduara pembeni pa maneno waliyoyapenda. Msomaji alinunua hadithi pamoja na mtu wa kumnong'oneza sikioni. Kisha akaniambia nifanye hivyo nami kwa penseli kwenye rasimu yake: kiduara nilipopenda, kinukta nilipokwama. "Usiogope," akasema. "Unapokwama wewe, atakwama na mwingine."

Siku moja nilikwama kwenye sura ya mashairi ya wake wa askari. Baba alikuwa ameandika kwamba katika mashairi hayo, vuli ikifika, majira ya kuelekea baridi, wanawake wanasikika wakipiga nguo kwa magongo, wakifua nguo za waume zao walioko mpakani. Nikatia kinukta.

"Kuna nini?" akauliza, maana alisikia penseli.

"Baba, hawa hawafui."

"Imeandikwa wanapiga nguo. Mtu hupiga nguo kwa nini kama hafui?"

"Waume wako mbali, nguo chafu zimetoka wapi? Hicho ni kitambaa kipya. Bibi yangu alikuwa akikunja kitambaa kipya kilichokakamaa kwa wanga, akikigonga kwa gongo la mti mpaka kilainike, ndipo akishone. Hawa wanatayarisha nguo za baridi wawapelekee. Na wanapiga kwa haraka kwa sababu baridi inakuja."

Baba akaniagiza kitabu kimoja, halafu kingine, vya Kichina, ambavyo mimi sikuweza kuvisoma wala yeye kuviona. Akampigia simu mwanafunzi wake wa zamani, akamtaka afungue nakala zake, amsomee kurasa kwenye simu. Alipokata simu uso ulikuwa mwekundu.

"Nimewafundisha watu kosa hilo maisha yangu yote," akasema. "Andika." Nikachukua kalamu. Akaniandikisha tanbihi chini ya ukurasa, ikieleza kwamba mwandishi amesahihishwa hapa na Mwanamisi wa pwani ya Kenya, ambaye bibi yake alifanya kazi hiyo kwa mikono yake. Niliandika jina langu mwenyewe. Usiku huo nilimpigia mama yangu kumweleza, naye akauliza tu, "Kwani hao Wachina hawana pasi?"

Mama yangu aliishi kiwanja kimoja na ndugu yangu Juma, kila mtu nyumba yake, moja nyuma ya nyingine. Hakupenda kupiga simu. Alinitumia sauti za kurekodi kwenye simu, ndefu, zenye kila kitu: mvua, kuku, nani ameoa. Baba alipenda kuzisikia. Nilikuwa nikimtafsiria huku tunakunywa chai, naye alisema mama yangu angekuwa msimulizi mkubwa angezaliwa mahali pengine.

Basi kuna sauti moja ilikuja wiki chache kabla ya arusi ya dada yake madam. Nyumba nzima ilikuwa kwenye maandalizi. Mama alisema mvua imeanza, kuku wawili wametaga, na mlango wa mbele siku hizi haufungi, ili Juma akija asipate taabu ya kugonga. Akasema tena juu ya kuku. Akasema mlango hafungi, upepo wenyewe mzuri. Akanitakia heri, na mwisho akarudia kwamba nikija wakati wowote nisibishe hodi, niingie tu, mlango uko wazi.

Nilimtafsiria Baba nikicheka. Yeye hakucheka.

"Ametaja mlango mara tatu," akasema.

"Ni joto, Baba. Anataka hewa."

"Umesema mvua imeanza. Mwanamke anayekaa peke yake chumbani hafungi mlango kwa sababu gani?"

Nikaiweka simu chini.

"Mwanamisi, huyo hawezi kuinuka kuufungua. Na hataki kukuambia. Mpigie ndugu yako."

Nikampigia Juma. Juma akasema, "Dada, mama mzima kabisa, anakusalimu." Nikamweleza Baba. Akasema, "Nitazungumza na Fawaz sasa hivi akupe kibali cha kutoka nchini. Nenda." Ningepewa, wanangu. Fawaz hakuwahi kumkatalia baba yake jambo.

Ni mimi niliyesema hapana. Nilisema, "Acha arusi ipite, Baba. Madam ana wageni, hatanielewa." Niliogopa nikiondoka wakati ule nitarudi nikute mwingine mahali pangu. Na nilijiambia mzee huyu kazoea kutafuta mambo kwenye maneno, anayaona hata pasipo na kitu.

Mama alikufa siku ya tisa baada ya sauti ile. Juma alilia kwenye simu akisema mama alimwapisha asiniambie. Miguu yake ilikuwa imekwisha nguvu mwezi mzima.

Baba hakusema nilikuambia. Alimwambia madam kwamba siku tatu mimi sifanyi kazi, na yeye chai yake atangoja. Siku ya pili aliniita, akaniomba nimpigie tena ile sauti ya mama. Nikasema, "Unatafuta nini tena, Baba?" Akajibu, "Hapana kitu. Nataka kumsikia tu." Tukamsikiliza mpaka mwisho, kuku na mlango, na yeye hakujua neno hata moja la Kiswahili.

Baada ya mwaka mmoja Fawaz alihamishiwa Riyadh. Tulikaa kwanza ghorofa ya kupanga Al-Murabba, karibu na ofisi yake. Zulia halikutosha chumbani, kadi zikabaki kwenye maboksi. Sijui kama ni hilo, ama ni umri tu. Baba akaanza kusahau. Kwanza aliuliza bahari iko upande gani. Halafu akawa anasahihisha kitabu vibaya. Namsomea ukurasa ulio sawa, yeye anasema, "Kosa, huyo aliishi enzi ya nyuma," na najua si kosa, kadi yake naijua mahali ilipokuwa ikilala. Nikamwuliza Fawaz nifanye nini. Akasema, "Wewe unajua kuliko mimi." Huo haukuwa msaada.

Nikajiwekea kanuni. Siku anazojua yuko Riyadh, alisemalo naliandika kwenye rasimu. Siku anazouliza bahari, naliandika kwenye karatasi ya pembeni, na rasimu siigusi.

Asubuhi moja alikuwa mzima kabisa. Alijua siku, alijua mtaa, aliulizia gazeti. Akataka sura ya wake wa askari. Nikasoma vizuri mpaka chini, nikafika kwenye tanbihi, nikasoma na jina.

"Nani huyo?" akauliza.

"Mwanamisi, Baba."

"Simjui. Ni mhakiki wa wapi?"

Alikuwa akiniita kila siku kwa jina hilo. Nikasema, "Ni mwanamke mmoja wa pwani ya Kenya."

"Amesoma wapi?"

"Hakusoma, Baba. Bibi yake alikuwa akigonga kitambaa."

"Basi mtoe," akasema bila ukali. "Sahihisho libaki, jina litoke. Watu watauliza ushahidi."

Nikakaa na kalamu. Kwa kanuni yangu ile ilikuwa siku yake nzuri. Tena alikuwa na haki ya kuuliza ushahidi. Lakini mtu aliyesahau jina la aliye mbele yake, je, hiyo ni siku nzuri? Ningeweza kuandika pembeni na kuliacha jina. Kilichonizuia ni kwamba nililitaka mno libaki. Nikaona mtu anayetaka jambo hivyo hafai kuliamua. Nikapiga mstari juu ya jina langu, mstari mmoja ulionyooka. Nikamwambia, "Nimetoa." Akasema, "Ahsante. Endelea." Nikaendelea. Sauti ilitoka kama ya mtu anayehesabu ngazi, lakini safari hii hakuitambua.

Baada ya hapo Kiarabu kikaanza kumtoka, siku kwa siku. Kikabaki Kichina, tena si kile cha vitabu, ni kile cha jikoni. Nyumba nzima hapakuwa na mtu wa kumjibu. Fawaz hakufundishwa, na alikuwa akisimama mlangoni akimsikiliza baba yake kama mtu aliyesimama nje ya nyumba yake bila ufunguo.

Nilimlisha mimi. Uji mwepesi wa mchele, kijiko kidogo, kidevu chini, ungoje ameze ndipo utie kingine. Wiki za mwisho alikuwa na maneno yale yale tu, mara nyingi mno kwa mlo mmoja, akinigeuzia uso: *Ma, wo bau la.* Nami nikiona anavyonigeukia nilidhani uji umempendeza, anataka tena. Nikawa namwongezea. Alikula kwa taabu, machozi yakimtoka, nikampangusa, nikamtia kingine. Madam alinisifu kwa subira.

Alifariki asubuhi ya Jumatatu. Wanaume wakaenda kumzika, mimi nikabaki kutandua shuka.

Baada ya matanga Fawaz alikuja jikoni, akaketi kwenye kiti changu. Sikuwahi kumwona ameketi jikoni.

"Mwanamisi, ulikuwa naye kila siku. Alisema nini mwishoni? Alinitaja?"

Ningeweza kumpa kitu. Nilikuwa nimesoma maneno ya kutosha ya watu wanaoagana, ningemtungia moja zuri akalilalia. Nikasema, "Sikuelewa, bosi. Lakini nimeshika sauti zake kama zilivyo." Tuliohifadhi Kurani chuoni tunaweza hivyo, kushika tusichokielewa. Nikamtamkia. Akatoa simu, akanirekodi, akampelekea mwalimu mmoja kijana wa Kichina anayefundisha lugha hiyo shule wanakosoma wanawe.

Jibu lilikuja nikiwa naosha masufuria. Fawaz alilisoma mara mbili. Kwanza alicheka kidogo, kisha akafunika macho kwa kiganja.

"Si wasia," akasema. "Ni maneno ya mtoto mezani. Anasema, 'Mama, nimeshiba.'"

Maji yalikuwa yakimwagika, sikuyafunga. Rasimu anayo Fawaz, anasema atatafuta wa kuichapisha, na mimi nimerudi nyumbani, mikono imezeeka. Mnaniuliza kama ni kweli nilimsomea. Nilimsomea miaka tisa. Na wiki zile za mwisho, kila alipoinua macho akaniambia ameshiba, mimi nilimtia kijiko kingine.